Kofia ya Mkulima wa Ukutani

Kwa kuwa kila ninayekutana naye huku Kabondo, mjini Kisangani, ananiuliza kama ni kweli nilisafiri hadi ng'ambo ya Ubundu na bomba la maji begani, kwenda kuharibu picha ya kanisa la watu, nimeona niandike mara moja, halafu mwenye swali nitampa karatasi. Bomba ni kweli. La kuharibu, someni wenyewe.

Picha ninayoizungumzia mnaijua, hata kama jina lake, Angelus, halikai kichwani. Ilichorwa na Mfaransa mmoja zamani za babu wa babu zetu, na tangu hapo imezunguka dunia kwenye kalenda, sahani na kadi za sikukuu. Mume na mke wako shambani, jua linazama. Walikuwa wanachimba viazi. Uma wa kuchimbia umesimama udongoni, kikapu kiko chini kati yao, toroli lenye magunia liko nyuma ya mwanamke. Mbali kabisa kuna mnara wa kanisa. Kengele imelia, nao wameacha kazi wasali. Mwanamke amefumbata mikono kifuani. Mwanaume amevua kofia, ameishika kwa mikono miwili, kichwa kimeinama. Basi. Hakuna kingine kinachotokea, na bado matajiri wa nchi mbili waliwahi kuigombania mnadani kana kwamba ni mgodi.

Mimi naipenda picha hiyo kwa namna isiyomfaa mtu wa umri wangu. Nimeiandikia insha ndefu sana, ambayo wasomaji wake nawajua wote kwa majina, mmoja wao akiwa mke wangu, aliyesifu ukubwa wa herufi. Insha hiyo ndiyo iliyoniponza. Papa Anselme, katekista wa kijiji kidogo juu ya Ubundu, alipata habari zake akanitumia ujumbe wa sauti. Kikanisani kwao, alisema, ukuta ulio nyuma ya altare una picha hiyohiyo, pana kama mlango wa gereji. Ilichorwa na marehemu mjomba wake, fundi wa vibao vya maduka, akiiga kalenda iliyoliwa na mende. Viazi vikawa karanga. Uma ukawa jembe. Toroli likawa baiskeli. Na kwa kuwa mende walikuwa wamekula hasa pale mikono ya mwanaume ilipokuwa, mjomba alikisia: akamchora mkulima amenyoosha mikono mbele, kofia yake pana ya ukindu imepinduliwa, mdomo juu, kama mtu anayeomba kitu. Je, Professeur ningeweza kuwaletea picha ya kweli, ili ukuta urekebishwe?

Nilijibu ndiyo kabla ujumbe haujaisha.

Alichoacha kusema Papa Anselme nakiweka hapa mwanzoni, ili mjue nilikuwa nimebeba nini wakati mwenyewe sijui. Watu wa kijiji kile waliielewa picha ya mjomba jinsi ilivyo. Ikawa desturi yao: siku ya kazi ya pamoja, kengele ikilia, mwenyekiti wa shamba anavua kofia, anaipitisha, na kila mtu anatia konzi moja ya alichovuna kwa ajili ya yule asiyeweza kufika shambani. Kwa miaka hii asiyeweza kufika ni Mama Zaina, mjane wa kutoka Maniema, aliyevunjika nyonga na hana mtoto wala ndugu pale. Anakula kwa kofia. Sasa mwaka huu mavuno ni mabaya, na mwenyekiti, Papa Bosco, alikuwa amesikia kwamba katika picha ya kweli mkulima haombi kitu. Walikuwa wamekubaliana: picha ya kweli ije, ionekane, halafu kofia iendelee au ife.

Huyo mwenye kuileta ni mimi.

Kutoka Kabondo hadi mtoni

Picha niliichapisha kubwa, kwa rangi nzuri. Mke wangu, anayejua jinsi ninavyobeba vitu, akaikunja ndani ya kipande cha bomba la plastiki kilichobaki tulipotengeneza bafu, akaziba ncha zote mbili kwa mipira na mifuko.

"Hata ukianguka mtoni," akasema, "picha itafika."

Juu yangu hakusema kitu.

Kijana wa toleka, zile baiskeli zetu za kubeba abiria, alinitazama nikipanda nyuma na bomba begani.

"Papa, ni ya douche ao ya WC?"

"Ni picha."

"Ah bon." Akakanyaga pedali kidogo, akafikiri. "Ya WC?"

Ufukweni tulikuwa wengi tukingoja mtumbwi wa kuvukia Lubunga, upande wa pili wa mto, treni inakoanzia. Karibu yangu alikaa mwanajeshi mmoja kijana, anarudi kwao likizo, mkoba magotini. Aliangalia bomba, akaniangalia mimi, akaangalia tena bomba.

"Tonton, hii inapigaka mbali?"

Watu wakacheka, lakini naona hakuwa anatania kabisa, kwa hiyo nikafungua. Nilikuwa nimejiandaa kumpa habari zote: kengele, sala, mnada. Hakunipa nafasi. Alishika upande mmoja wa picha, akaitazama, kisha kidole chake kikashuka hadi kwenye kikapu na udongo uliochimbuliwa.

"Bamezika mutoto," akasema.

"Hapana, ndugu. Wanasali. Kengele imelia."

"Kengele siioni. Naona udongo umefunguliwa, na baba na mama bameinamisha kichwa. Tonton, mimi nilishasimamaka hivyo."

Akanisaidia kuikunja, taratibu, kama mtu anayefunika kitu kilicholala. Kuna msanii mmoja wa Ulaya, mwenye jina kubwa, aliyewahi kudai jambo hilohilo, na wasomi wakamcheka kwa muda mrefu. Katika insha yangu na mimi nimemcheka kidogo, kwenye tanbihi. Nilipokuwa mtumbwini sikuwa na hamu ya kucheka tena.

Treni na mti

Treni ya kwenda Ubundu ilijaa watu, magunia, magodoro na mbuzi mmoja mwenye tabia nzuri kuliko abiria kadhaa. Nilipata nafasi juu ya gunia la chumvi, kando ya Mama Régine, mfanyabiashara wa makayabu, mwanamke mpana mwenye sauti iliyozoea kuita watu ng'ambo ya mto. Hupeleka samaki wa chumvi Ubundu na kurudi na mpunga na karanga. Aliniambia mara moja kwamba nimekaa vibaya, akanipanga upya kama mzigo.

Ndani ya msitu tulisimama. Mvua ya usiku uliopita ilikuwa imeangusha mti juu ya reli, mti mnene kuliko mnavyofikiria, na wanaume wakashuka na mapanga na mashoka. Nami nikavua koti, nikakunja mikono ya shati, nikaenda kusaidia. Mwenye shoka aliitazama mikono yangu, akaniomba radhi kwa heshima zote, akanipa mtoto wake nimshike.

Basi nikakaa na mtoto kwenye kivuli cha behewa kwa sehemu kubwa ya siku ile. Mama Régine akaniona ninavyohangaika. Akafungua sufuria, akatoa lituma, ndizi zetu zilizotwangwa zikafinyangwa, bado zina joto, na pondu, yaani kisamvu, yenye makayabu ndani, akaniwekea kwenye jani.

"Kula, Professeur. Mutoto, unipatie. Unamushika kama mutu anashika saa ya ukuta."

Nikala. Katika maisha yangu nimekula kwenye meza zenye vitambaa, lakini sikumbuki chakula kilichowahi kunishinda maneno kama kile. Nikiwa na shukrani nyingi namna hiyo, nikataka kutoa kitu, na kitu pekee nilichokuwa nacho ni picha. Nikaifungua ubavuni mwa behewa, abiria wawili wakashika pembe. Watu wakaja kutazama.

"Hawa ni bibi na bwana?" akauliza Mama Régine.

"Ndiyo."

"Basi waligombana. Angalia kikapu. Kila mutu anangoja mwenzake abebe."

"Mama, ni bwana ndiye iko na kosa!" akapaza mtu kutoka juu ya mti. "Ona vile anashika kofia!"

"Bwana iko na kosa siku zote," akasema Mama Régine, na wanawake wote wakaitika kama kanisani.

Ndivyo picha hii ilivyo, na hii ndiyo sababu sichoki nayo. Watu wawili hawasemi neno, na kila anayewaona anajua walichosema. Nilitaka kuwaeleza hayo, kwa urefu. Lakini Mama Régine alikuwa ameuliza ninashukia wapi, nami nikamtajia kijiji.

Uso wake ukabadilika.

"Ni wewe?"

"Mimi nani?"

"Professeur mwenye anakuya kukata kofia ya Mama Zaina!"

Akanieleza yote, mbele za watu, mambo ya kofia, mpunga uliokauka, Papa Bosco na makubaliano yao. Ndipo nilipoyajua. Huku akieleza, mkono wake ulilivuta jani la lituma upande wake. Halikuondoka lote, lakini nilielewa kwamba nimekatiwa sehemu.

"Sasa ukifika utasema nini?"

"Nitasema ukweli. Picha ni ya sala."

"Ukweli ya nani? Ya Mufransa alishakufa?"

"Ndiye aliyeichora, mama."

"Bon. Mufransa yako iko anakula? Mama Zaina iko anakula! Sema kama picha ya kule iko vile vile na ya ukuta. Nani ataenda Ulaya kuangalia?"

"Lakini nimeileta hapa, mama. Wataiona."

Akaitazama picha, akanitazama mimi, akampandisha mtoto begani.

"Na wewe, ulisoma miaka yote ile, haukujua kupoteza muzigo njiani?"

Ubundu

Tulifika Ubundu jioni. Mama Régine alinielekeza nyumba ya kulala kwa rafiki yake, akaniambia nile vizuri, na kwamba hatanisalimia tena mpaka asikie matokeo.

Asubuhi nikapata mtumbwi wa kupanda mto Lualaba. Wapiga kasia walikuwa watu wa maneno machache, jambo lililoniacha na mawazo yangu, na mawazo yangu yote yalikuwa juu ya bomba. Nakiri nilifikiria kulisukuma kwa kiwiko, kama kwa bahati mbaya. Maji yalikuwa mapana na hayana shahidi. Lakini mke wangu alikuwa ameliziba vizuri mno. Lingeelea. Lingetangulia Kisangani kabla yangu, na lingemfikia yeye.

Kijijini walinipokea kwa nyimbo. Wanawake walikuwa wamepanga mabeseni ufukweni, watoto wanaruka, mzee mmoja akanishika mikono yote miwili akishukuru kwa Kiswahili na Lingala kwa zamu. Nilifikiri: tazama, insha imefika mbali. Papa Anselme ndiye aliyekuja mbio kunong'ona.

"Professeur, utusamehe. Walisikia kama bomba imefika. Wanafikiri ni mambo ya kisima."

Mabeseni yakageuzwa, yakarudi vichwani. Kuna mapokezi niliyowahi kupata chuo kikuu yaliyokuwa baridi kuliko hayo, lakini si mengi.

Kikanisa

Sasa ukuta. Nilikwenda nikitegemea kosa la kuchekesha, na nilikuwa nimeandaa tabasamu la huruma. Tabasamu halikutumika. Yule marehemu fundi wa vibao alikuwa amechukua jua la Ufaransa, lile jua la uchovu, akaliweka juu ya Lualaba, na lilikuwa limetulia pale kana kwamba halijawahi kukaa penginepo. Baiskeli imeegemea mchikichi. Mwanamke amevaa kitenge na ameinama. Na mkulima, miguu imara kwenye udongo mwekundu, ananyoosha kofia yake kuelekea kwetu sisi tunaotazama. Ukisogea kushoto, inakufuata. Ukisogea kulia, inakufuata. Chini, mchwa walikuwa wameanza kula gurudumu la nyuma la baiskeli.

Mlangoni, juu ya kigoda, alikaa bibi mmoja mwenye kilemba cheupe na fimbo mapajani.

"Wewe ndiye bwana wa picha?" akasema. "Karibu. Ulisafiri muzuri?"

Akanipa karanga za kukaanga kwenye kisahani. Nilikuwa na njaa, nikala zote huku tukizungumza habari za Kindu, alikozaliwa. Ndipo Papa Anselme akamwita jina, Mama Zaina, nami nikatazama kisahani kitupu, nikaelewa karanga zilitoka wapi.

Kengele yao ni kipande cha reli kilichoning'inizwa. Ilipogongwa, watu wakaja moja kwa moja kutoka shambani, matope miguuni, vikapu vikawekwa chini kati ya mabenchi. Mama Zaina, ambaye si wa kanisa lile, alibaki kwenye kigoda chake mlangoni. Papa Anselme alikuwa ameshachanganya rangi. Makopo yalikuwa yamepangwa chini ya ukuta, brashi juu.

Papa Bosco nilikuwa nimemtengenezea sura mbaya kichwani tangu kwenye treni. Alikuwa mtu mwembamba, mpole, mwenye jezi ya mpira iliyopauka na kofia ya ukindu mkononi. Alisimama akasema:

"Mimi simukatai Mama Zaina. Yeye anajua. Lakini mwaka huu mpunga ulikauka, na watoto yangu wanakula mara moja kwa siku. Kama ni Mungu anaomba, minatoa. Kama ni mende iliomba, minabakisha. Professeur atuambie."

Nikaifungua picha, Papa Anselme akaipigilia misumari midogo kando ya ile ya ukutani. Nilikuwa na maneno mawili tayari, la Mama Régine na langu. La Mama Régine lilikuwa zuri zaidi. Lakini picha ilikuwa pale, mbele ya macho ya watu wote, na miaka yangu ya chuo kikuu imenifundisha hasa jambo moja, kusema kweli pale isipohitajika.

"Katika picha hii," nikasema, "kofia haikunyooshwa. Amevua kwa heshima. Wanasali wote wawili. Hakuna anayeomba kitu kwa mtu."

Papa Anselme akainama akashika brashi, bila kuichovya. Sikugeuka kutazama mlangoni.

Papa Bosco hakufurahi. Nilitarajia afurahi. Alisogea mpaka karibu kabisa na picha, akaitazama kama watu wanavyotazama mbegu kabla ya kupanda.

"Professeur. Huyu, macho yake inaangalia wapi?"

"Chini. Anasali."

"Hapana. Anaangalia ndani ya kofia."

Nikatazama. Insha nzima ile, na tanbihi zake, na sikuwahi kujiuliza macho ya yule mtu yanaishia wapi.

"Mimi ndiye nashikaka kofia," akasema Papa Bosco, na sasa alikuwa anawaambia wenzake, si mimi. "Inatoka kwangu, inazunguka, inarudi kwangu. Ikisharudi, nasimama hivi."

Akasimama hivyo. Kofia mikononi, chini ya kifua, kichwa kimeinama. Nimeona nakala nyingi za mtu yule wa Ufaransa, kwenye vitabu na kwenye sahani, lakini hapo alikuwa amesimama mbele yangu na jezi ya mpira, akipumua.

"Naangalia kama imeenea, kama inatosha. Na bibi yangu anasimama mbele yangu, mikono yake hivi kama huyu mama, anangoja niseme kama tuongeze ya kikapu yetu, ao tubakishe."

"Na unakawiaka sana!" akasema mke wake kutoka kwenye benchi la wanawake, na kikanisa kizima kikapasuka kwa kicheko.

Papa Bosco alingoja kiishe. Akaonyesha ukuta, kisha picha yangu.

"Mjomba ya Anselme alichora kofia inaenda. Mufransa alichora kofia inarudi. Kofia ni moja."

Nilifungua mdomo. Kulikuwa na hoja kadhaa za kumjibu, baadhi yake nzuri. Niliufunga, na kama mnanijua mtaelewa hilo lilinigharimu nini.

"Sasa ukuta tunafanya nini?" akauliza Papa Anselme, brashi bado kavu.

"Pneu ya nyuma, mchwa imeikula," akajibu mtu. "Utengeneze pneu."

Papa Bosco alikuwa bado amesimama vilevile, anatazama ndani ya kofia yake, ambayo siku ile ilikuwa haijazunguka na haikuwa na kitu. Nilijua anahesabu midomo ya nyumbani kwake, na kila mtu pale alijua.

Kutoka mlangoni fimbo ikagonga sakafu.

"Bosco, mwanangu," akasema Mama Zaina, "ulishaangalia ya kutosha."

Aligeuka kumtazama mke wake amuulize kwa macho, lakini mke wake alikuwa ameshainama kwenye kikapu, anachota konzi ya kwanza.